Jiridi wa Nyuma ya Nyumba

Khuwair, nje ya Maskati. Jumatano, wakati wa baridi, 1968.

Mbingu leo nyeupe kama maji ya mchele. Upepo unatoka upande wa milimani na vumbi lake, unalitia kila mahali, mpaka ndani ya maziwa ya mtoto niliyoyafunika kwa kitambaa. Asya, mwanangu, amelala. Wifi yangu Zuwena amekwenda kunywa kahawa kwa jirani. Nyumba imenyamaza, na mie nina hasira isiyo na pa kwenda, basi naileta hapa.

Nimesalitiwa.

Nimeliandika neno hilo nikaliangalia kwa muda. Ni neno kubwa. Skuli kule Unguja, kabla sijatolewa nikae ndani ningoje mume, mwalimu wetu alilitumia kwa habari za vita na watawala. Sikujua kwamba linaenea hata kwenye nyumba ya vyumba viwili na ua wa makuti, baina ya watu wanaokula sinia moja.

Na nilichonyang'anywa ni nini? Jiridi. Kundi la jiridi, vinyama mfano wa panya, lililokuwa likiishi nyuma ya nyumba. Mtu mwingine angecheka. Mume wangu Nassor mwenyewe alitaka kucheka, akaniangalia usoni, akaacha.

Wacha nianze mwanzo, maana nikianza na hasira nitaandika maneno ya kujutia.

Tulipohamia huku Khuwair kutoka Matrah niliona tumetupwa. Matrah japo palikuwa na watu wa kuzungumza nao Kiswahili, mabibi wawili watatu waliokuja kutoka Unguja kama sisi, na kichochoroni hakukosekani mtu wa kukuuliza hali. Huku ni uwanda wa changarawe, visima, vibanda vya makuti ya mtende, migunga iliyopindishwa na upepo, na mlima unaokutazama mchana kutwa haukwambii kitu. Nassor huondoka alfajiri kwenda dukani Matrah. Ami yake, ami Salum, ndiye mwenye nyumba hii, naye hushinda kwenye kishamba chake cha majani ya mbuzi karibu na kisima. Zuwena, dada mkubwa wa Nassor, huniuliza kila asubuhi nitapika nini, kisha anapika yeye.

Na Asya hasemi.

Keshapindukia miaka miwili na hajatamka neno, hata mama. Masikio yake mazima, ukidondosha kijiko nyuma yake anageuka. Lakini sauti haitoki. Akitaka maji ananivuta kanga. Akiumia analia bila sauti, machozi matupu, na hilo ndilo linaloniua. Ameandikiwa kombe akanywa, amesomewa, amepakwa kila kitu kinachopakika. Alhamdulillahi, nimekuwa nikisema, ana afya, anakula, na kila mtoto ana saa yake. Lakini usiseme mie sikuwa nikiogopa.

Siku moja nilikuwa naanika nguo. Asya alikuwa amekaa miguuni pangu, akainuka, akasimama wima, mikono kifuani, anatazama mbele. Nikafuata macho yake. Kwenye tuta la mchanga chini ya mgunga alikuwa amesimama mwengine vilevile, wima, mikono kifuani, anamtazama yeye.

Mdogo, wa kutosha viganja viwili. Rangi yake ya mchanga, tumbo jeupe, mkia mrefu na kishungi cheusi mwishoni. Panya, nikasema moyoni, nikatafuta kitu cha kutupa. Kwetu sisi panya ni yule anayetoboa nazi juu ya mnazi na kuwatia watu hasara. Lakini yule hakuwa na sura ya mwizi. Alikuwa na sura ya mwenye nyumba anayeuliza, mnamtaka nani?

Watu wa hapa wanawaita jiridi. Niliuliza jirani, akanicheka kwa kuuliza jambo ambalo kila mtoto wa hapa analijua.

Tangu siku hiyo mimi na Asya tukawa na pa kwenda. Asubuhi jua likipanda kidogo, na alasiri kabla ya maghribi, tunatandika mkeka nyuma ya nyumba na kutulia. Mwanzo walikuwa wakituona tu wanazama. Halafu wakatuzoea, wakatuhesabu kama mawe.

Sikuwahi kujua kwamba wanyama wadogo namna ile wana mji. Wana mji, tena wenye mitaa. Kulikuwa na mtaa wa mgungani, na mtaa wa kisimani, na familia moja iliyojitenga kwenye jabali kama watu waliogombea urithi. Kila mtaa na mashimo yake, na kila shimo na milango yake. Wakikutana wananusana pua kwa pua kabla ya jambo jengine lolote, kama sisi tunavyoulizana hali na hali ya watu wa nyumbani hata kama nyumba inaungua. Wanachanana manyoya. Mmoja anainamisha kichwa, mwengine anamchambua nyuma ya masikio, na yule anayechambuliwa anafumba macho kabisa. Wa mgungani akivuka mpaka kwenda kisimani anafukuzwa mpaka kwao, kisha wote wanarudi kula kama hapakuwa na kitu.

Niliwapa majina. Dume mmoja mnene aliyekuwa akimnusa kila apitaye nilimwita Bwana Forodha. Mama mmoja mzee, sikio lake limechanika, ndiye Bi Mkubwa, maana alipotoka yeye wengine walimpisha. Na walikuwako mabibi wawili wa kisimani waliolala shimo moja na watoto wao pamoja. Siku ile mvua ilipoingia shimoni waliwahamisha, mmoja mmoja, wamewabana mdomoni kwa ngozi ya shingo, wekundu, hawana manyoya. Sikuweza kujua yupi mtoto wa nani. Nadhani hata wao hawakujali. Niliwaonea wivu. Mie katika nyumba yetu nikiacha mtoto alie kidogo naulizwa kama sina maziwa.

Jambo lililonipendeza kuliko yote ni mlinzi. Wengine wakila, daima mmoja hali. Anasimama kwenye tuta, anageuza kichwa huku na huku. Akiona kivuli cha mwewe anatoa kijisauti kama filimbi. Akiona nyoka au paka anapiga mguu wa nyuma chini, du-du-du-du, mpaka unausikia ardhini ukiwa umekaa. Ukisikika mguu huo, uwanda mzima unakuwa mtupu kwa mpigo mmoja. Nilikuwa nikifikiri, huyu anayepiga mguu ndiye anayejionyesha. Angeweza kuzama kimya akapona peke yake. Lakini hazami mpaka awape habari wenziwe.

Basi, alasiri moja paka wa jirani alitambaa kutoka nyuma ya banda. Mlinzi alikuwa ametazama upande mwengine. Na Asya, mwanangu, akasimama, akapiga mguu chini. Du-du-du-du. Jiridi wote wakazama. Paka akabaki ameduwaa katikati ya uwanda kama mtu aliyefika harusini ikiwa imeshakwisha.

Asya akacheka. Akacheka kwa sauti.

Nililia palepale. Sauti alikuwa nayo! Nzuri, nene kidogo, kama ya babu yake. Kumbe ilikuwa ndani ikingoja kitu cha kukicheka. Tangu hapo kila siku ilikuwa mguu na kicheko, na akaanza kukunja midomo akatoa filimbi kama yao. Nikawa nasema, leo filimbi, kesho neno. Nilikuwa na tamaa hiyo na nilikuwa nalala nayo.

Nikawa naangalia na mambo mengine pia, maana ukikaa pahala pamoja kwa utulivu pahala penyewe panakufundisha. Mvua ilipokuja, fupi na ya hasira kama zilivyo mvua za huku, maji yalikimbia juu ya changarawe kama juu ya sakafu yakaenda zake baharini. Lakini penye mashimo ya jiridi yaliingia, ardhi ikanywa. Baadaye majani yaliota pale kwanza, na mbuzi wa jirani walikwenda palepale wakaacha kwengine. Jiridi hupasua yale matikiti machungu ya jangwani ambayo hata punda hayataki, wanaficha kokwa chini ya ardhi, halafu nadhani wanasahau, maana niliona miche imeota kishada kimoja juu ya tuta pasipo mtu kupanda. Mashimo waliyoyahama yalikuwa na wapangaji. Mjusi, mbawakawa, chura mmoja mnene aliyetoka siku ya mvua tu. Bundi alikuwa na kituo chake juu ya mgunga, naye alikuwa akiwala jiridi, sisemi uongo. Niliona mifupa chini. Mbweha pia alikuwa akija. Niliuchukia ukweli huo mwanzo, kisha nikaona kwamba kila mmoja pale anaishi kwa sababu ya wale wadogo. Mwenye kula majani, mwenye kula nyama, mwenye kutaka pa kulala tu.

Na haki lazima niiseme. Walikuwa wakila majani ya ami Salum. Waliingia kishambani kwake, wakakata, wakabeba. Ami alikuja amekasirika, akasema atawachimbua. Nikamwomba Nassor. Sikumwomba kwa ajili yangu, nilimchukua nyuma ya nyumba akamsikia mwanawe akicheka. Alisimama pale, macho yake yakalegea. Akasema, "Mama Asya, nimekwambia hawaguswi, basi hawaguswi." Akaenda akazungusha miiba ya mgunga kwenye kishamba cha ami kwa mikono yake mwenyewe, vidole vikatoka damu.

Nilimpenda sana siku ile.

Aliyekuwa haridhiki ni wifi Zuwena. Mama yao marehemu alikuwa mtu wa ngoma za pepo kule Unguja. Zuwena amekulia katika ngoma hizo, anajua kila pepo ana mdundo wake na kila mdundo una mahitaji yake. Sasa anamuona mtoto asiyesema, anasimama wima mbele ya mashimo jua linapozama, anapiga mguu chini. Jirani zetu wa hapa waliona mchezo, wakacheka. Watoto wao wanawakimbiza jiridi kwa mawe. Lakini Zuwena hakuona mchezo. Aliona mtoto anaomba ngoma.

"Pepo wa Unguja tunawajua," alinambia siku moja, sauti ya chini. "Tunajua wanataka nini, huyu kanga, huyu halwa, huyu mbuzi. Hawa wa huku ni Waarabu tupu, tena wa jangwani. Utazungumza nao nini, wewe, na Kiarabu chako hicho cha kuombea chumvi?"

Nilicheka. Na yeye akacheka. Nilidhani tumemaliza.

Halafu akabadilika, akawa mwema. Akawa anakuja kukaa nasi mkekani. Akaniuliza habari zao. Oh, namna nilivyofurahi! Nani mwengine aliwahi kuniuliza ninachojua? Nikamwonyesha mitaa. Nikamwonyesha Bwana Forodha. Akaniuliza, wakizibiwa hapa wanatokea wapi? Nikamwonyesha mlango mmoja baada ya mwengine, mpaka ule uliokuwa nyuma ya jabali, chini ya jiwe bapa, ambao nilikaa siku nyingi kabla sijaugundua. Nilijisikia kama mwalimu. Alisema, "Mashallah, una macho." Nikaona haya kwa furaha.

Baada ya hapo Nassor akasema twende Matrah, mie na Asya na Zuwena, shangazi yao amejifungua na si vizuri hatujamwona mtoto. Akanitafutia nafasi kwenye gari ya mizigo, mbele, kwenye kiti. Akanipa na kanga mpya nivae. Tukalala kwa shangazi. Zuwena alinishika mkono sokoni kama msichana mwenzake, akamnunulia Asya bangili, akanambia nimekonda, nifurahi kidogo. Tulikula halwa ya moto. Nilimwambia kwamba sijawahi kuwa na dada, na kwamba nnaona sasa nimempata.

Alinifuta sukari shavuni.

Tuliporudi, Asya aliteremka garini akakimbia moja kwa moja nyuma ya nyumba. Mie nilikuwa nashusha mizigo. Nilisikia harufu kwanza, harufu ya pilipili iliyoungua, ya kukohoza. Nikaacha kila kitu.

Tuta limesawazishwa. Mashimo yamejazwa mawe na udongo wa maji, yamekandikwa kama ukuta. Penye mgunga palikuwa na majivu na vipande vya pilipili kavu, zilezile za Zuwena alizozileta kutoka Unguja na alizokuwa akinibania jikoni. Wamewatia moshi. Wachache waliotoka wamewapiga kwa koleo. Mizoga haikuwepo, lakini mchanga ulikuwa na madoa, na ami Salum hakuwa amesafisha koleo.

Nikaenda mpaka nyuma ya jabali. Jiwe bapa limeinuliwa. Mlango ule nao umezibwa.

Ule mlango nilimwonyesha mtu mmoja tu.

Asya alikuwa amesimama pale lilipokuwa tuta, wima, mikono kifuani. Akapiga mguu. Akangoja. Akapiga tena. Akanigeukia mie kama kwamba mie ndiye ninayewaficha. Kisha akalala kifudifudi, akaweka sikio kwenye udongo mbichi.

Nilimngoja Nassor mlangoni. Sikumwamkia. Hakujitetea sana, alisema dada yake amemlilia usiku na mchana kwamba mtoto anachukuliwa, na mwalimu jirani amekuja amesoma, na ami naye anataka kupanda mpaka pale, na kwamba miguu na filimbi si mambo ya mtoto wa binaadamu.

"Nimefanya kwa ajili ya mtoto," akasema.

"Ungeniambia."

"Ungekubali?"

"Nisingekubali."

"Basi ndiyo maana."

Nimeyarudia maneno hayo jikoni, kisimani, nikifua. Basi ndiyo maana. Kama kwamba kukataa kwangu ni tope njiani, unazunguka tu unapita. Ningeweza kumsamehe mtu aliyepigana nami akanishinda. Huyu hakupigana nami. Alinipa kanga.

Zuwena yeye alingoja usiku upite. Asubuhi akaja na chai, akakaa chini, magoti yake yanalia. Alisema, "Nife mimi kabla ya mtoto yule. Nichukie, lakini awe mzima." Na alikuwa analia kweli. Hilo ndilo linalonitesa. Lau angekuwa mbaya ningejua pa kumweka. Anampenda Asya. Alimpenda akanidanganya mie, mkono wake ndani ya mkono wangu, sokoni Matrah, mdomo wangu una halwa.

Asya hakucheka tena. Filimbi imekwisha. Wao wanasema ametulia, alhamdulillahi, yule pepo amemtoka. Mie naona mtoto aliyerudi nyuma.

Mguu haukwisha. Juzi alikuwa anacheza na vifuniko vya sufuria mlangoni, Nassor akaingia. Asya akainuka akapiga mguu chini, du-du-du-du, akakimbilia nyuma yangu akazama ndani ya kanga. Zuwena akasoma aya. Nassor alisimama na kilemba chake mkononi. Hakuelewa, nikaona hakuelewa, nikamwambia taratibu, "Hilo si pepo. Ananipa habari kwamba umekuja."

Alikaa chini kwenye kizingiti. Ile ndiyo mara ya kwanza nilimwona ameumia. Nilitaka kumshika bega. Sikumshika.

Mambo mengine pia yameanza kuonekana, madogomadogo. Bundi hayupo. Mvua ya juzi ilitandaza maji nyuma ya nyumba yakakaa kama dimbwi, yakaingia mpaka chini ya mlango wa ghala, tende za ami zikalowa. Ami anasema mvua ilikuwa kubwa. Haikuwa kubwa. Mie nikachukua kitambaa nikafuta.

Sasa ya leo, ambayo ndiyo iliyonikalisha kuandika.

Asubuhi nilikwenda mbali kidogo kutafuta kuni, ng'ambo ya bonde la mchanga, mahali ambapo sijawahi kukaa na mkeka. Asya mgongoni. Chini ya kichaka niliona udongo mpya. Mbichi, umetoka chini leo leo, umemwagwa kama unga. Na alama za miguu midogo, na mstari wa mkia katikati. Nikatulia. Nikangoja mpaka mgongo ukauma. Pua ikatoka, kisha kichwa, sikio limechanika.

Bi Mkubwa.

Na nyuma yake mwengine, mdogo. Sijui walipitia wapi. Labda kulikuwa na mlango hata mie sikuujua, na namshukuru Mungu kwamba sikuujua.

Asya aliniteleza mgongoni. Akasimama wima. Hakupiga mguu. Hakupiga kabisa. Aliniangalia, akaangalia kichaka, akaniangalia. Kisha akatoa filimbi ndogo sana, pumzi tu, kama mtu anayeogopa kuamsha watu. Nikamkumbatia tukarudi nyumbani bila kuni.

Njia nzima nilijiambia nitamwambia Nassor. Ni mume wangu, ni baba yake, na ameshaona alichokifanya. Nilipanga na maneno. Wamebaki wachache, wako mbali na shamba la ami, tuwaache, na safari hii neno lako liwe neno. Nilikuwa na matumaini, wallahi. Nikatengeneza wali wa nazi, nazi ile moja iliyobaki.

Amekuja mapema leo kula, mara nyingi siku hizi anakuja mapema. Tukakaa kwenye sinia, yeye, ami, Zuwena, mie, Asya pajani pangu. Akauliza kwa upole, kama anayegusa kidonda, "Huko nyuma kumetulia? Hujaona kitu tena?"

Zuwena akaacha kula. Ami akaniangalia.

Nikafungua mdomo na yale maneno yangu yote. Nikasema, "Kumetulia. Sijaona kitu."

Nassor akashusha pumzi. Akavunja ile sehemu nzuri ya samaki, ya tumboni, akanisogezea upande wangu. Aliniamini palepale, hakuniangalia hata usoni, akaendelea na habari za dukani.

Ni uongo wa kwanza niliomwambia tangu aniowe. Nilidhani utanikwama kooni. Haukukwama. Ulipita laini, na samaki nikamla, na alikuwa mtamu.

Hilo ndilo lililonitia khofu. Siku zote nimekuwa nikijiuliza aliwezaje kunipandisha gari ile, kunifunga kanga mpya, kunipungia mkono. Nilidhani lazima alikuwa amekuwa mtu mwengine. Kumbe hapana. Alikuwa yuleyule, ana mtu wa kumhifadhi, na ilikuwa rahisi.

Nitawahifadhi wale wawili. Hilo nimeliamua, na nitampeleka Asya awaone, na ikiwa neno lake la kwanza litazaliwa kule chini ya kichaka, sitaweza kumwambia baba yake lilizaliwa wapi.

Lakini sasa kwa kuwa najua ilivyo rahisi, nitamwamini vipi? Na yeye, maskini, ananiamini nini?